Jina la Marehemu Kwenye Daftari

Mwaka niliohamishiwa Barethi, ofisi yetu ya mfereji wa umwagiliaji ilikuwa na makarani wawili na vibarua kumi na wanane. Karani mwenzangu alikuwa na ugonjwa wa mgongo, hakupenda kukaa dirishani, kwa hiyo daftari la mahudhurio likaniangukia mimi. Kila siku saa mbili asubuhi vibarua walijipanga, mimi naita majina, wao wanaitika, naweka alama. Wa kwanza kwenye mstari siku zote alikuwa Halke Ahirwar, mlinda mageti ya maji. Mimi nikifika bado nasugua macho, yeye ameshakwenda kwa baiskeli hadi maili ya saba, amefungua geti, amerudi kuandikishwa.

Alikuwa mtu mfupi, mkavu, masikio makubwa. Mageti yale aliyajua vizuri kuliko mhandisi yeyote aliyepita pale. Alijua lipi linakwama, lipi linavuja, na mkulima gani atakuja kulalamika kwamba hajapata maji huku shamba lake linaogelea. Nilimpenda. Aliniita kaka, ingawa kwa umri tulikuwa karibu sawa.

Ilikuwa Novemba ya mwaka 1990, ngano imeanza kuchipua, nilipoitwa na Bwana Mathur, mhandisi wetu wa wakati huo.

"Khare, huyu Halke ana siku ngapi tangu Aprili?"

"Mia mbili na thelathini na tatu, bwana mkubwa."

"Mkate kwenye daftari."

Nikadhani sijasikia vizuri. "Mageti nani atafungua? Wakulima wanaanza kumwagilia wiki hii."

"Atafungua yuleyule. Ila jina lake likifika siku mia mbili na arobaini, sheria inamhesabu kuwa amefanya kazi mwaka mzima. Mwaka wa kwanza, wa pili, wa tatu, halafu kesho anakuja na wakili anataka ajira ya kudumu. Mwandike kwa jina lingine mpaka mwisho wa Machi."

Hakunipa karatasi. Maagizo ya namna ile hayaandikwi. Nikatoka nikamkuta Halke anatengeneza mnyororo wa baiskeli.

"Halke, kuanzia kesho jina lako linapumzika."

"Na mimi?"

"Wewe unaendelea. Nipe jina lingine niandike. La mtu wa nyumbani kwenu."

Akafuta mikono kwa shuka lake. "Mwandike mke wangu."

"Mwanamke wa kuzungusha mageti? Wakaguzi watacheka mpaka walie."

"Mwanangu ana miaka mitatu."

"Mtu mzima, Halke."

Akaujaribu mnyororo, ukazunguka. "Basi andika Dhaniram."

"Ndiye nani huyo? Asije akatokea siku moja akadai malipo."

"Hatakuja. Ni kaka yangu. Aling'atwa na nyoka tukivuna, mimi nikiwa na miaka kumi na minne."

Nikaandika. Dhaniram Ahirwar, kibarua, mlinda mageti. Halke alikuwa ameshajifunza kutia sahihi, anaichora polepole kama mtu anayeshona, lakini kwa Dhaniram nilimwambia atie dole gumba la kushoto, tusichanganye. Sitasema nililazimishwa. Kusema kweli nilijiona nimemfanyia wema, maana katika ofisi nyingine vibarua walikuwa wakikatwa na kurudishwa nyumbani miezi minne. Yeye aliendelea kupata ujira. Januari akaniletea kifungu cha dengu changa zilizochomwa pamoja na majani yake, nikala na wanangu barazani, mikono imejaa masizi, nikiwa na amani kabisa.

Tulikwenda hivyo miaka kumi na minane. Kuanzia Aprili mpaka Novemba anafanya kazi Halke, kuanzia Novemba mpaka Machi anafanya kazi marehemu. Wahandisi walibadilika, kila mmoja akakuta mtindo uko tayari akauacha. Vibarua wengine wanne nao waliandikwa vivyo hivyo, kwa majina ya wajomba na mashemeji, lakini hao walikuwa hai. Wenzake walimtania sana Halke. Ikifika Novemba wanamuuliza, "Marehemu, maji yamefika maili ya tisa?" Naye anajibu, "Yamefika, na huko tuliko hatulali kama nyinyi." Wanacheka, nami nacheka dirishani.

Mkewe Mulia hakucheka. Siku moja alikuja kumletea mumewe chakula, akapita dirishani kwangu, ushungi wa sari umefunika nusu ya uso.

"Karani," akasema, "shemeji yangu unamfufua kila majira ya ngano, unamzika tena joto likianza. Sisi maiti yake tuliichoma mara moja tu. Nyinyi hamchoki?"

"Dada, ni karatasi tu hizi."

"Ndiyo. Na watoto wangu wanakula karatasi."

Nikajifanya natafuta kalamu.

Mwaka 2007 likaja agizo kutoka juu: vibarua wote waliofanya kazi za serikali miaka kumi mfululizo, kwenye nafasi zilizo wazi, wafikiriwe ajira ya kudumu, na iwe mara moja tu. Kwa mtu aliyezoea mshahara wa kila mwezi hilo ni tangazo tu la ukutani. Kwa kibarua ni likizo ya ugonjwa, ni pensheni, ni mtoto kuandika kwenye fomu kwamba baba ni mtumishi wa serikali. Halke alinyoa ndevu, akavaa shati la arusi ya mwanawe, akaja kujaza fomu. Mimi ndiye niliyemjazia.

Kamati ilikaa, ikasoma daftari, ikajibu: Halke Ahirwar ni kibarua wa msimu, hajawahi kutimiza siku mia mbili na arobaini katika mwaka wowote. Hao wenzake wanne walipata jibu hilohilo.

Wote watano wakaenda kwa wakili mjini, mama mmoja anayeitwa Nasreen Qureshi, aliyekuwa na ofisi juu ya duka la dawa. Akawafungulia kesi mahakama ya kazi. Kesi ikakaa miaka mitatu ikiahirishwa. Halafu jioni moja Halke akanifuata nyumbani. Hakuingia, alisimama mlangoni kama kawaida ya watu wa tabaka lao.

"Kaka, wakili anasema nikuite uwe shahidi wangu. Sijamkubalia. Nimesema nitakuuliza kwanza."

"Utasemaje ukiniita?"

"Sisemi mimi. Utasema wewe. Useme tu kwamba mimi ndiye Dhaniram."

"Niite," nikamwambia. "Nitasema ilivyokuwa."

Akainama kunigusa miguu kwa heshima. Nikamzuia, lakini sikumzuia mapema.

Wiki mbili kabla ya siku ya kesi, mhandisi wa wakati huo, Bwana Pathak, akaniita. Aliagiza chai na biskuti, jambo ambalo hakuwahi kunifanyia.

"Khare, unastaafu lini?"

"Mwakani, mwezi wa sita, bwana mkubwa."

"Na binti unamwoza lini?"

"Februari."

"Vizuri. Sasa niambie. Ukisimama mahakamani ukasema uliandika jina la mfu kwenye daftari la serikali miaka kumi na minane, kosa ni la nani?"

"Niliagizwa."

"Na nani? Mathur amekufa. Agizo liko kwenye karatasi gani? Mwandiko ni wako, alama ni zako." Akachovya biskuti kwenye chai. "Hiyo ni kughushi, ndugu yangu. Pensheni yako utaisikia kwa majirani."

Nilikwenda nyumbani, sikula, mke wangu akaniuliza nina nini, nikasema tumbo. Kwa wiki mbili nikawa najipangia maneno. Leo najipangia ukweli, kesho najipangia nusu ya ukweli, keshokutwa najiambia kwamba hata hivyo mahakama itagundua yenyewe, haihitaji mimi.

Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo, feni inapiga kelele. Halke alikaa benchi la mbele na Mulia na wenzake wanne. Wakili Nasreen akasimama.

"Bwana Khare, ulitunza daftari la mahudhurio tangu mwaka gani?"

"Elfu moja mia tisa na tisini."

"Katika daftari hizo kuna kibarua anaitwa Dhaniram Ahirwar. Huyu Dhaniram na huyu Halke aliyekaa hapa ni mtu mmoja?"

Nilimwona Bwana Pathak nyuma, anafuta miwani yake.

"Hapana," nikasema. "Ni watu wawili."

Wakili akanitazama kama mtu aliyekanyaga ngazi isiyokuwepo. "Una hakika? Uliwaona wote wawili kwa macho yako?"

"Nimewaona wote wawili."

"Daftari za miaka hiyo ziko wapi?"

"Zimeliwa na mchwa."

Hazikuwa zimeliwa. Zilikuwa kwenye kabati la chuma, katika chumba cha pampu mbovu, na ufunguo ulikuwa kwenye mfuko wa koti langu nilipokuwa nasema hayo. Mbele ya mahakama kukawa na muhtasari wa siku tu, ulioandikwa na ofisi, na muhtasari hauna dole gumba.

Nilipotoka nje nilitaka kupita upande wa nyuma, lakini Halke alikuwa ameshasimama kwenye mlango huo, amekwenda kuchukua baiskeli. Nikangoja matusi. Ningeyashukuru.

"Kaka," akasema, "ulimwona wapi?"

"Nani?"

"Dhaniram. Umesema umemwona. Mimi sura yake imenipotea miaka mingi, nikijaribu kuikumbuka nakuta sura ya mwanangu. Nilitaka kukuuliza yukoje."

Hakuwa ananikejeli. Ama kama alikuwa ananikejeli, sauti yake haikuonyesha. Nikasema nina haraka, basi linaondoka. Akasogeza baiskeli nikapita.

Walishindwa. Juma lile lile Bwana Pathak akamwambia Halke kwa mdomo tu asije kesho, na mageti akapewa mkandarasi. Halke akaenda kuvunja mawe kwenye machimbo, na umri wake miaka hamsini na mitano. Binti yangu aliolewa Februari, arusi nzuri, watu wakasifu wali. Mwezi wa sita nikastaafu, nikavishwa shada la maua ya manjano, Bwana Pathak akanipa mwavuli na shali, akasema kwenye hotuba kwamba makarani waaminifu kama mimi wamekwisha.

Ningependa kusimulia kwamba dhamiri ilinisukuma siku hiyohiyo. Haikunisukuma. Nilingoja pensheni iidhinishwe. Nikala miezi sita ya kwanza. Halafu asubuhi moja, naenda sokoni kununua mboga, nikamwona Halke amekaa kivulini kwenye ukuta wa ghala, amejifunga kitambaa mkononi, kidole cha shahada kimepondwa na jiwe. Hakuniona. Nikarudi nyumbani bila mboga, nikapanda basi la mjini.

Wakili Nasreen alikuwa anakula chakula cha mchana, chapati na bamia, kwenye kibati juu ya majalada.

"Mzee Khare," akasema bila kuacha kutafuna, "umechelewa mwaka mmoja na nusu."

"Najua."

"Unajua pia kwamba ukisema sasa unakiri kuwa uliidanganya mahakama chini ya kiapo?"

"Najua, mama."

"Usiniite mama, binti yako ananizidi umri labda." Akafunika kibati. "Kwa nini umekuja?"

Nikaanza kueleza habari ya kidole, nikaona haieleweki. Nikamwambia tu daftari ziliko. Aliacha kila kitu akachukua kalamu. Hati ya kiapo ilikuwa kurasa nne, nikatia sahihi kila ukurasa, naye akaipeleka Mahakama Kuu, Jabalpur, pamoja na rufaa aliyokuwa ameikatia tamaa.

Mahakama Kuu ikaamuru kabati lifunguliwe. Daftari tatu zilikuwa kweli zimeliwa na mchwa. Nyingine kumi na tano zilikuwa nzima, na kwenye kila mwezi wa baridi palikuwa na dole gumba la Dhaniram. Mtaalamu wa alama za vidole akalinganisha na dole la Halke. Mtu mmoja, na kwa wale wanne vilevile.

Kwangu mimi ikafunguliwa hesabu nyingine. Jaji alinikemea kwa maneno ambayo wakili aliniambia nisiombe nakala yake, na ofisi ikanikata sehemu ya pensheni kwa miaka mitatu. Niliogopa mke wangu atalia. Hakulia. Alikuwa anachambua mchele, akasema bila kuinua kichwa, "Kumbe hasara yenyewe ndiyo hii tu. Ungesema siku ile, ungekatwa hivihivi, na yule mtu angekuwa kazini." Tangu siku hiyo hakulisema tena, na sijaacha kulisikia.

Hukumu ilitoka mwaka 2018. Jaji alisema serikali haiwezi kumtumia mtu mwaka mzima, ikaandika nusu ya mwaka, halafu ikamlaumu kwa nusu nyingine isiyoandikwa. Maombi ya watu wote watano yafikiriwe upya ndani ya miezi mitatu. Nilisikia Barethi kulipigwa ngoma siku hiyo, na vibarua wakagawa peremende mbele ya ofisi.

Ofisi ilichukua miezi kumi na minne. Mara jalada liko kwa mkuu wa wilaya, mara limerudi kwa sababu ya muhuri, mara mwenye kutia sahihi yuko likizo. Barua zilipotoka, wanne waliajiriwa. Barua ya Halke ilikuwa na mistari mitatu: ombi lako limefikiriwa, kumbukumbu zinaonyesha umetimiza miaka sitini na miwili, ambayo ni umri wa kustaafu, kwa hiyo haliwezi kutekelezwa. Alikuwa ametimiza umri huo wiki tano kabla ya tarehe ya barua.

Wakili Nasreen alitaka kurudi mahakamani. Alisema iko njia, kwamba waombe ahesabiwe kuwa aliajiriwa tangu 2007, apate angalau pensheni. Huenda miaka minne, huenda mitano. Nilikuwepo ofisini kwake, nimeitwa kwa ajili ya kiapo kingine. Halke alisikiliza mpaka mwisho, mikono kati ya magoti.

"Hapana, wakili," akasema. "Nimekuwa kesi muda mrefu. Hao wanne wametosha."

"Hii ni haki yako, Mzee Halke. Si fadhila."

"Naijua ni haki yangu. Nimeifuata kwa baiskeli." Akasimama. "Wewe umefanya kazi. Mungu akulipe."

Hakunitazama, wala hakunikwepa. Alipita kama mtu apitavyo kando ya kiti.

Nilikaa miezi miwili ndipo nikaenda kijijini kwao. Nyumba ni ya udongo, ua umefagiliwa, nyati mmoja amefungwa kwenye kigingi. Mulia alinitambua toka mbali, akatandika kitanda cha kamba uani nikae, akaniletea maji kwenye bilauri ya chuma. Nikayanywa. Miaka yote ile sikuwahi kunywa maji kwao, kwa sababu ya tabaka lao na langu, na Mulia alisimama akingoja kuona kama nitayanywa. Nilipomaliza akachukua bilauri, akasema, "Leo una kiu, karani."

Halke alitoka na fungu la nyasi begani. Akaliweka chini, akakaa juu ya kizingiti.

"Nimekuja kukuomba radhi," nikasema.

"Nimeona."

"Waliniogopesha na pensheni. Binti alikuwa anaolewa."

"Najua. Tulialikwa. Tulikula nje, wali ulikuwa mzuri."

Nilikuwa nimesahau kwamba alikuja. Nilikuwa nimewaalika vibarua wote, nikawawekea mikeka nyuma ya nyumba.

"Nikifikiri sana," akasema, "nasema ningekuwa mimi, nina binti wa kuoza, sijui mdomo wangu ungetoa nini. Huwa nafika hapo. Halafu nakumbuka kwamba hukuwa mimi. Ulikuwa wewe." Akaokota jani la nyasi, akalivunjavunja. "Sina hasira nawe, kaka. Ila huniombi kitu ninachoweza kukupa. Nikikwambia nimekusamehe utarudi nyumbani umepona, na mimi bado nitakuwa hapa na nyati."

"Basi niseme nini?"

"Usiseme. Ulishasema."

Akainuka kwenda kumlisha nyati, akawa anazungumza naye kwa sauti ya chini, kama alivyokuwa akizungumza na mageti yanapokwama. Nilibaki nimekaa pale muda mrefu, sijui kama ni adabu kuondoka au kubaki. Mwishowe Mulia alitoka na ungo mkononi.

"Karani, basi la saa kumi na moja ndilo la mwisho."

Nikaenda.

Alifariki majira ya ngano ya mwaka uliofuata, ghafla, akiwa anafunga mzigo wa majani. Nilipata habari sokoni, kwa mmoja wa wale wanne walioajiriwa, aliyekuja kununua viatu vya kazi. Wakati huo karamu ya matanga ya siku ya kumi na tatu ilikuwa imeshapita. Nilimuuliza kwa nini hakuna aliyeniletea taarifa. Akatazama viatu vyake, akasema walidhani ninajua.